Upande wa Pili wa Karatasi

Karatasi ile ilikuwa na pande mbili, nami niliangalia mmoja. Kosa langu lilianzia hapo, na mengine nitakayoyaeleza yaliota juu yake kama magugu.

Nilikuwa kijana wa miaka ishirini na tatu. Nilikuwa nimetoka Ukambani na cheti changu cha kidato cha nne nikiwa nimekibana ndani ya Biblia kisipate makunyanzi. Ilikuwa miaka ya sitini inaelekea ukingoni, na mtu aliyemaliza kidato cha nne hakukaa sana bila kazi. Ofisi moja ya serikali katikati ya jiji, iliyoshughulika na kesi za mashamba, ilinichukua kuwa karani wa masjala, yaani chumba cha kutunzia faili. Nilivaa tai kila siku. Niliamini kwamba tai ile ilinipa akili.

Nilipanga chumba Mutuini, mwisho kabisa wa Dagoretti, pale lami ilipokoma na udongo mwekundu ukaanza kudai viatu. Mwenye nyumba alikuwa mama wa Kikuyu aliyefiwa na mumewe. Alikuwa na binti watatu, ng'ombe mmoja, na shamba la ekari moja na nusu lililoteremka hadi kijitoni, ambako alipanda nduma. Chumba changu kilikuwa cha mbao, ubavuni mwa zizi, na ng'ombe alinifahamu kabla majirani hawajanifahamu. Mama yule aliniita Mkamba wangu. Jioni nikirudi alinisimamisha mlangoni.

"Mkamba wangu, umekula?"

"Nimekula, mama."

"Umekula nini, na sufuria yako iko baridi tangu asubuhi?"

Basi niliingia kwake nikala irio pamoja na watoto. Sikumwambia hata siku moja kwamba nilikuwa nachelewa kuwasha jiko makusudi.

Shida yake niliijua tangu mwezi wa kwanza. Mumewe alipokufa, shemeji yake, mdogo wa marehemu, alijitokeza akadai kwamba shamba ni lake. Alisema kaka yake alikuwa amekaribishwa tu alitunze, na kwa kuwa ametangulia, mjane na wasichana wake warudi kwao alikozaliwa. Lakini marehemu alikuwa ameona mbali. Alipoanza kuugua alikwenda kwa chifu, akaapa mbele ya mashahidi kwamba shamba ni lake, na akifa ni la mke wake na watoto wake. Karani wa chifu aliandika kiapo hicho, wakatia vidole gumba, na karatasi ikaletwa jijini kwenye ofisi yetu. Nakala nyingine haikuwapo. Mama alikuwa na karatasi hiyo tu, na karatasi yenyewe ilikuwa kwetu.

"Iko kwa ofisi yenu," aliniambia. "Unaionanga?"

"Mama," nikamjibu, na nadhani nilirekebisha tai, "karatasi ikishafika kwetu imefika mbinguni. Faili yako iko mikononi mwangu. Lala usingizi."

Akalala. Mimi nilikuwa sijawahi hata kumwuliza namba ya kipande chake cha ardhi. Faili zetu zilijulikana kwa namba, si kwa majina, na zilikuwa nyingi kama matofali. Nilimpa mwanamke yule neno langu juu ya kitu nisichokijua hata rangi ya jalada lake.

Sasa nieleze habari za mahamri.

Karatasi zilizofutwa ofisini zilitakiwa kuchomwa ndani ya pipa nyuma ya jengo. Ndiyo iliyokuwa sheria. Ila makarani tulikuwa na desturi yetu. Karatasi nzuri ya serikali, nene, iliyoandikwa upande mmoja, ilipendwa sana na wenye maduka. Waliisokota kama faneli, wakatia njugu, pilipili manga, bizari, chumvi ya mawe. Kila karani alikuwa na duka lake. La kwangu lilikuwa la mzee mmoja wa pwani, mbele kidogo ya soko, duka jembamba kama ukanda lililonukia iliki hadi barabarani. Asubuhi aliuza viungo, alasiri alifundisha watoto Kurani chumba cha nyuma, na kwa hiyo kila mtu alimwita Maalim. Ijumaa nilimpelekea furushi la karatasi, naye alinipa mahamri ya moto na chai ya maziwa, tukazungumza. Alikuwa mtu wa utani.

"Bwana karani, wasema 'kitu yangu'? Umekwenda shule miaka yote ile kumbe ulikuwa wawinda ndege?"

"Maalim, huku bara ndivyo tunavyosema."

"Basi bara lote lataka viboko. Kaa, unywe chai."

Kwa kijana asiye na baba jijini, meza ile ilikuwa kitu kikubwa kuliko mahamri.

Wiki moja mkuu wa ofisi alitangaza kwamba wakaguzi wanakuja, na faili zilikuwa zimevimba. Akatuamuru tuzipunguze: fomu zote zilizofutwa zitolewe. Nilifanya kazi kwa kasi ya mtu anayetaka kusifiwa. Nilifungua faili, nikiona mhuri mwekundu wa kufutwa nachomoa, natupa chini, nafungua nyingine. Nakumbuka faili moja ambayo ndani yake mlikuwa na fomu ya kodi ya kichwa ya wakati wa Mwingereza, yenye mhuri mwekundu katikati. Nilimwonyesha karani mwenzangu.

"Hata kodi ya kichwa imekuja kupimiwa shamba," nikasema, tukacheka. Nikaitupa kwenye furushi. Ijumaa furushi likaenda kwa Maalim.

Ijumaa iliyofuata, asubuhi, mkuu aliniita. Kamati ya wazee ingeketi Jumanne saa nne kusikiliza kesi kadhaa za Dagoretti, naye alitaka kuzipitia faili. Nikamletea. Akafungua ya tatu, akasoma orodha iliyobandikwa ndani ya jalada, akaanza kufunua karatasi moja moja.

"Karatasi ya saba iko wapi?"

Nikatazama orodha. Mbele ya namba saba paliandikwa: Kiapo cha mwenye shamba. Juu ya orodha lilikuwa jina la mwenye shamba. Lilikuwa jina la marehemu mume wa mama mwenye nyumba yangu.

"Labda imeteleza kwenye faili nyingine, mkubwa."

"Karatasi haina miguu. Jumanne saa nne nataka namba saba hapa mezani. Bila namba saba huyu mwanamke hana kesi."

Nilirudi masjala nikakaa chini sakafuni, na hapo sakafuni ndipo akili iliponijia, ikiwa imechelewa. Karani wa chifu, kule kijijini, hakuwa na karatasi. Alichukua fomu kuukuu zilizokwisha kazi, akageuza, akaandika upande mtupu. Makarani wengi wa vijijini walifanya hivyo, nami nilijua. Ile kodi ya kichwa niliyoicheka ndiyo iliyokuwa namba saba. Sikuigeuza.

Saa ya chakula nilikimbia. Ndiyo, na tai yangu, nilikimbia barabarani kama mwizi. Nikakuta duka la Maalim limefungwa kwa kufuli. Barazani alikaa fundi wa cherehani aliyekuwa jirani yake.

"Maalim yuko msikitini?"

"Yuko Mombasa. Amefiwa na dada yake. Ametoka Jumatano kwa gari moshi, atarudi Jumatatu Mungu akipenda."

"Karatasi zake za kufungia, zimebaki?"

Fundi akaacha kukanyaga cherehani akanitazama vizuri. "Karatasi? Jumanne alikuja kuniomba magazeti, zake zilikuwa zimekwisha. Kwani wewe ni mtu wa karatasi au mtu wa viungo?"

Nikaanza kutembea nikiangalia chini. Kando ya mtaro, mbele ya soko, chini ya mikokoteni, palikuwa na vikaratasi vilivyosokotwa na kutupwa. Niliinama, nikavifungua kimoja kimoja. Niliona fomu za ofisi yangu, maandishi ya ofisi yangu, hata sahihi yangu mwenyewe ikiwa na mafuta ya njugu. Kiapo sikukiona. Mama mmoja muuza ndizi akamwambia mwenzake, bila kujali kama nasikia, "Angalia. Serikali imeanza kuokota taka na tai shingoni."

"Labda ndiyo kazi mpya."

"Basi aje achukue na hii yangu."

Akanitupia ganda. Nikaendelea kuinama.

Jioni ile nilipofika Mutuini mama alikuwa amening'iniza nguo yake ya Jumapili kwenye kamba, ile ya bluu, ipate hewa. Alikuwa amepaka viatu rangi. Akaniuliza kwa upole, kama mtu anayeuliza kama mvua itanyesha.

"Ile karatasi iko?"

Ningeweza kusema ukweli pale. Angenipiga kwa mwiko, angelia, angekuwa na siku nne za kutafuta watu wengine waliosikia kile kiapo. Zile siku nne zilikuwa zake, nami nilimnyang'anya.

"Iko, mama," nikasema.

Kesho yake, Jumamosi, shemeji alikuja. Alikuwa mwanamume mrefu, koti refu, kofia ya manyoya kichwani. Alileta kamba ya katani na vigingi, akaanza kupima upande wa barabarani, mahali atakapojenga nyumba yake, kana kwamba kamati ilikuwa imeshakaa. Mama alikuwa akilima viazi, hakunyoosha mgongo.

"Lima tu, shemeji," akasema yule bwana. "Nitavila mimi."

"Utavila na meno gani? Yale mawili?"

Wasichana wakacheka kutoka zizini. Akapiga kigingi kwa jiwe, kigingi kikapasuka. Lakini mama alipofika mwisho wa mstari alisimama kidogo, akaangalia vigingi vile vilivyosimama ndani ya shamba lake, na nikaona mkono wake unatafuta mpini wa jembe ukaushika kama mtu anayeshika nguzo. Nilikuwa mlangoni kwangu. Niliingia ndani.

Jumapili niliamua kukiri. Mkuu wa ofisi aliishi Kileleshwa, katika zile nyumba za serikali zenye paa la vigae na ua wa michongoma uliokatwa sawasawa. Nilitembea kutoka Mutuini hadi huko, njia nzima nikipanga maneno: nilitoa, sikuangalia, nikapeleka dukani. Nikaona kwamba maneno yale matatu yangetosha kunifukuzisha kazi, pengine na kunipeleka mahakamani. Mpishi alinikuta langoni.

"Wako kanisani. Ngoja hapa, watakuja sasa hivi."

Nikangoja. Nilikuwa nimeamua, nasema kweli. Kisha gari likakunja kona, nikaona kofia ya mke wake nyuma ya kioo, na miguu yangu ikaamua jambo lingine. Walipofika langoni nilikuwa nimeshavuka barabara, natembea kwa haraka kama mtu aliyeitwa mahali. Nyuma nilisikia mpishi akisema, "Alikuwa hapa, mkubwa. Kijana mwenye tai."

Jumatatu saa ya chakula nilikwenda kwa Maalim. Sikwenda kutafuta karatasi. Karatasi nilikuwa nimeizika. Nilikwenda kwa sababu nilikuwa nimebeba kitu kizito tangu Ijumaa, na yeye ndiye mtu pekee jijini niliyeweza kukitua mbele yake. Kufuli lilikuwa limetolewa. Alikuwa amekaa nyuma ya mizani yake, macho mekundu kwa safari na msiba. Nikampa pole. Akaipokea, akaniangalia usoni.

"Na wewe umefiwa na nani?"

Nikamwambia yote. Mahali nilipotaka kuruka aliniuliza, nikarudi. Nilimwambia hata juu ya Kileleshwa. Nilipomaliza alichezea jiwe dogo la mizani.

"Hebu nambie tena," akasema. "Hiyo karatasi uliitazama upande mmoja?"

"Mmoja, Maalim."

"Na wewe ndiye msomi. Mimi niliyesoma chuo cha Kurani tu, karatasi sikati kabla sijaitazama mbele na nyuma. Wajua kwa nini?"

"Sijui."

"Kwa sababu kwenye karatasi huenda pana jina la Mungu. Nitalifungiaje bizari jina la Mungu, mtu akisha kupika alitupe mtaroni, watu walikanyage? Kiarabu, Kiswahili, Kizungu, vyote nasoma. Nasoma kwanza, ndipo nakata."

Akainuka. Juu ya kichwa chake, kwenye boriti, kilining'inia kikapu cha ukili chenye kifuniko. Nilikuwa nimekaa chini ya kikapu hicho Ijumaa nyingi sana, nikila mahamri, nikidhani ni cha vitunguu. Akakiteremsha kwa fimbo ya ndoana.

"Zenye jina Lake naziweka humu. Kila nikenda Mombasa nachukua kikapu, twazizika kwa heshima uwanjani pa msikiti. Safari hii nilitoka mbio kwa ule msiba, nikakisahau. Njia nzima, katika gari, najilaumu: mzee mzima, umesahau amana ya Mungu juu ya boriti." Akafungua kifuniko. "Huyo mume wa mama yako, aliapa kwa nani?"

Alianza kutoa karatasi: kurasa za msahafu zilizochanika, tangazo la mazishi kutoka gazetini, kalenda ya kanisa fulani, barua ya mapenzi iliyomwomba Mungu msamaha. Kisha nikaona mhuri mwekundu. Ilikuwa kodi ya kichwa. Akaigeuza, akaisogeza mwangani, akasoma polepole kwa sauti yake ya kufundishia watoto, maneno ya marehemu kuhusu mipaka ya shamba, kijito, mti wa mugumo upande wa juu, mke wake na binti zake, hadi mstari wa mwisho.

"'Nasema haya mbele ya Mwenyezi Mungu, na nikisema uongo anihukumu.'" Akaniangalia. "Mstari huu ndio uliomwokoa. Asingeuandika, shamba lake lingekuwa limeshaliwa pamoja na pilau ya mtu huko mtaani Pangani."

Nilikaa chini juu ya gunia la chumvi. Nilicheka, na machozi yalikuwa yananitoka, na mteja mmoja aliyeingia kununua mdalasini akaamua kurudi baadaye. Sijawahi, katika miaka yote iliyofuata, kuona mlango ukifunguka namna ile, katika ukuta ambao nilikuwa nimeshaupapasa wote nikauona hauna mlango.

Maalim alikuwa ameshika karatasi bado. Hakunipa.

"Nitakupa kwa sharti moja. Yule mama umwambie mwenyewe. Siyo mkubwa wako. Mkubwa wako ana watu wengi wa kumwambia uongo. Yeye."

"Nitamwambia, Maalim."

"Lini?"

"Kesi ikiisha."

Akafikiri. Akanipa.

Jumanne saa nne kamati ilikaa. Wazee watano, mkuu wa ofisi mezani, mimi nyuma yake na faili. Mama alikuja na nguo ya bluu, binti zake watatu wamekaa nyuma yake kwa kimo. Mkuu akafungua faili, akafika namba saba, akasimama. Akainusa karatasi. Kwenye pembe moja palikuwa na alama ya kidole, ya manjano.

"Karani."

"Mkubwa."

"Hii faili inanuka pilau."

"Masjala ina panya, mkubwa," nikasema, na huo ukawa uongo mwingine.

Aliiangalia tai yangu. Baadaye nilikuja kufahamu kwamba mpishi alikuwa amemweleza vizuri juu ya kijana mwenye tai. Lakini aliigeuza karatasi, akasoma kiapo chote kwa sauti. Kisha akasoma mashahidi. Wa kwanza alikuwa mzee wa kanisa, aliyekwisha kufa. Wa pili alikuwa mdogo wa mwapaji. Kando ya jina lake palikuwa na kidole gumba cheusi, kipana, kimebanwa kwa nguvu.

Mzee mmoja wa kamati akamgeukia shemeji. "Hiki ni kidole cha nani?"

Shemeji akakunjakunja ukingo wa koti.

"Nauliza hiki kidole. Ni chako, au kilikuja peke yake kwa chifu?"

Yule bwana alivua kofia yake ya manyoya akaiweka magotini. Alikuwa amesahau, au alikuwa ametegemea kwamba sisi watu wa ofisi tutasahau kwa niaba yake. Kama si Maalim, angekuwa ametegemea vizuri. "Ni changu," akasema. Hawakuhitaji hata kutoka nje kushauriana.

Mama hakupiga kelele. Alikaa na mikono yake juu ya mapaja, akapumua mara moja, pumzi ndefu, kama mtu anayetua kuni mgongoni. Kisha akageuka akamfunga binti mdogo kamba ya kiatu.

Wiki ile alichinja. Majirani walijaa uani, palikuwa na nyama, irio, uji wa kuchacha. Mama akasimama katikati akanishika mkono.

"Huyu Mkamba mnamwona? Karatasi yangu ilikuwa imepotea ndani ya hiyo ofisi yao. Mkubwa mwenyewe ameniambia. Huyu aliitafuta kila mahali mpaka akaipata. Mtoto wa watu wengine. Mungu ampe."

Watu wakapiga makofi. Sharti langu lilikuwa limetimia, kesi imeisha, yeye yuko mbele yangu ameshika mkono wangu. Nikafungua mdomo. Nikasema, "Asante, mama." Kisha akaleta kondoo jike, mchanga, mweupe na doa jeusi jichoni, akanitia kamba mkononi. Nikapokea kamba.

Ijumaa Maalim aliniuliza, "Umemwambia?" Nikasema bado. Ijumaa ya pili akaniuliza. Ya tatu hakuniuliza, alinimiminia chai tu akangoja, na hilo lilikuwa baya zaidi. Ya nne sikwenda. Nilikuwa nachoma karatasi zangu ndani ya pipa sasa, mbele na nyuma nimezisoma, na nilijiambia kwamba sina tena sababu ya kupita mtaa ule. Miaka michache baadaye, nikiwa nimepandishwa cheo, nilipita. Duka lilikuwa linauza redio. Fundi wa cherehani, akiwa bado barazani, akaniambia mzee amerudi kwao pwani, na kwamba kabla ya kuondoka alikuwa akiuliza, yule karani wangu yu hai?

Hilo ndilo linaloniuma zaidi. Karatasi iliyopotea ilirudi. Yule mzee sikumrudia.

Kondoo alizaa, na watoto wake wakazaa. Katika miaka ya sabini niliuza baadhi, nikaongezea kwenye mahari, nikaoa. Mama alikuja harusini Ukambani akacheza kuliko mama yangu. Alipougua, mwishoni mwa miaka hiyo, nilikwenda kumwona mara mbili nikiwa nimekusudia kumwambia. Mara ya kwanza alikuwa na wageni. Mara ya pili alikuwa peke yake, akaniuliza kama nimekula, nami nikala. Alizikwa shambani mwake, upande wa juu, karibu na mugumo uliotajwa kwenye kiapo. Nilitia udongo.

Mwezi uliopita nilikwenda Mutuini. Nyumba za kupangisha zimefika hadi kijitoni, lakini ile ekari na nusu iko, na binti mkubwa ndiye anayeishi pale, naye sasa ni nyanya mwenye fimbo. Nilimwomba tukae nje. Nikamweleza yote: mhuri mwekundu, furushi, mahamri, kikapu, siku nne nilizomnyima mama yake. Niliongea bila kuruka mahali, kama siku ile dukani. Alisikiliza akiwa ameegemeza kidevu kwenye fimbo. Nilipomaliza aliangalia shamba.

"Kwa hivyo wewe ndiye uliipoteza."

"Mimi."

"Na wewe ndiye uliirudisha."

"Aliyeirudisha ni yule mzee. Mimi niliibeba tu."

"Na kondoo yetu ulikula."

"Nilikula. Yeye na watoto wake."

"Mama alimpenda sana yule kondoo," akasema. "Alikuwa wangu. Nililia wiki nzima." Akanigeukia, na katika uso ule wa uzee nikaona yule msichana wa zizini aliyecheka juu ya meno mawili. "Mimi nilidhani umekuja kuomba nduma. Basi, Mkamba, utamrudisha lini?"

Nimemnunua jana. Ni jike, mchanga, mweupe. Doa la jichoni sikulipata, ingawa nilizunguka soko zima. Amefungwa nyuma ya nyumba hapa ninapoandika, na amekwisha kula nusu ya maua ya mke wangu. Jumamosi nampeleka Mutuini.